Simba Amegoma Njiani

Nimelea watoto wanne, wote nikawafundisha kutembea kwa kuwashika kidole, na hakuna hata mmoja aliyewahi kujilaza chali katikati ya barabara ya vumbi hapa Goba huku akinitazama kama mtu anayenidai. Mbwa huyu wa miezi mitano, niliyepewa na shemeji yangu akiwa tayari ana chanjo ya kichaa cha mbwa na jina la Simba, amenifanyia hivyo mara tatu kwa asubuhi moja.

Si kwamba sikufuata utaratibu. Nilimvalisha mkanda wa shingoni ndani ya ua kwa siku mbili ili auzoee, nikahakikisha kwamba vidole viwili vinapita kati ya mkanda na shingo, ndipo nikafunga kamba na kufungua geti. Hatua ya kumi akagoma. Nikavuta, naye akavuta kwake, miguu yote minne ameichimbia mchangani na mkanda umempanda hadi masikioni, ngozi ya shingo imejikunja usoni kama mzee aliyeonjeshwa shubiri. Jirani mmoja aliyekuwa akipiga mswaki barazani, shabiki wa Yanga wa kufa na kuzikana, aliwaita wanawe waje washuhudie Simba anavyoburuzwa. Lililoniuma zaidi ni kwamba hata mimi ni Yanga.

Mlinzi wa nyumba ya pili, ambaye aliwahi kufanya kazi na mbwa, alinieleza kwamba kosa lilikuwa langu: mbwa akivutwa, mwili wake hujibu wenyewe kwa kuvuta upande wa pili, hivyo dawa ni kusimama tuli hadi kamba ilegee, kumpa kipande cha nyama papo hapo, kisha kuendelea, na somo lenyewe lisizidi dakika kumi. Ushauri huo unamfaa mtu asiye na majirani. Kesho yake Simba aliacha kugoma, akaanza kunikokota kuelekea kwenye moshi wa mishikaki, nami nikasimama kama nguzo ya umeme. Bodaboda wawili walisimama kuniuliza ninakwenda wapi, na mama muuza vitumbua akanipa pole akidhani kiuno kimenikamata.

Hata hivyo, kamba imeanza kulegea. Kinacholegea pamoja nayo ni mfuko wangu, maana mwanafunzi huyu hatambui malipo mengine isipokuwa firigisi zilizochemshwa. Juzi mke wangu alinikuta jikoni nikizikatakata vipande vidogo vidogo, akatazama sufuria ya mchicha iliyokuwa jikoni, akaniambia kwa upole unaotisha: "Baba, mimi ninatembea hadi sokoni na kurudi kila siku, tena bila kamba."

Nilicheka peke yangu. Jana aliporudi na kikapu chake, hakuingia ndani; alisimama tuli mlangoni, Simba akaja kukaa kando yake, na wote wawili wakautazama mfuko wangu wa shati.