Okazaki walikuwa wawili

Mwulize mwanafunzi wa PCB (fizikia, kemia na biolojia) Okazaki ni nani, atakujibu bila kusita: mwanasayansi wa Kijapani aliyegundua vipande vya Okazaki, yaani vile vipande vifupi vinavyotokea DNA, uzi wa vinasaba ndani ya seli, inaponakiliwa. Mwulize kama ni mwanamume au mwanamke, atakushangaa. Mwanamume, bila shaka! Jibu hilo ni nusu ya ukweli. Nusu ya pili inaitwa Tsuneko, na sioni sababu ya maana ya kuendelea kumficha nyuma ya jina la ukoo la mumewe.

Tsuneko alizaliwa Nagoya mwaka 1933, akasoma biolojia katika chuo kikuu cha mji huo huo, na hapo ndipo alipokutana na Reiji Okazaki. Walioana 1956 na wakawa wanafanya utafiti pamoja. Kazi yao juu ya sukari fulani iliyoungana na thaimidini, moja ya malighafi za DNA, ndani ya bakteria iliwafungulia njia ya kwenda Marekani, kwanza St. Louis kwa Jack Strominger, kisha Stanford kwa Arthur Kornberg, yule aliyepata Nobel ya 1959 kwa utafiti wa kimeng'enya kinachotengeneza DNA. Mwaka 1963 walikuwa wamesharudi Nagoya.

Walikuwa wanasumbuliwa na fumbo moja. Nyuzi mbili za DNA zimelala mzungu wa nne, kichwa cha mmoja kwenye miguu ya mwenzake. Sasa kile kimeng'enya kinachozinakili kinajua kwenda upande mmoja tu. DNA ikianza kufunguka, uzi mmoja unanakiliwa moja kwa moja bila tabu. Na ule mwingine, ambao kimeng'enya kingelazimika kuufuata kinyumenyume? Wapo waliodhani kuna kimeng'enya cha pili ambacho bado hakijapatikana. Akina Okazaki wakakisia tofauti: uzi wa pili unatengenezwa vipande vipande, kila kipande kwa uelekeo ule ule unaoruhusiwa, halafu vipande vinaungwa.

Kukisia ni rahisi. Kuviona vipande hivyo ndiyo ilikuwa kazi, maana seli huviunga upesi mno. Kwa hiyo wakawapoza bakteria wa E. coli hadi nyuzijoto 20 ili mwendo wao upungue. Wakawapa thaimidini yenye haidrojeni ya mionzi, ili DNA mpya ijulikane kwa mionzi yake, kwa sekunde chache tu, kisha wakasimamisha kila kitu hapo hapo. DNA wakaitenganisha nyuzi zake kwa alkali na kuizungusha kwa kasi kubwa ndani ya mmumunyo wa sukari, ambamo nyuzi ndefu huzama zaidi na fupi hubaki juu. Mionzi ikakutwa juu, kwenye vipande vya herufi (yaani viungo vidogo vinavyofuatana kwenye uzi) 1,000 hadi 2,000 hivi. Bakteria walipoachiwa muda kidogo zaidi, mionzi ile ile ikahamia kwenye nyuzi ndefu. Na walipotumia virusi vya T4, vinavyoshambulia bakteria, ambavyo ligasi yake, yaani kimeng'enya cha kuunga, ilikuwa na hitilafu, vipande vikarundikana. Mimi katika biolojia yote sijaona jaribio linalonifurahisha kama hili. Kwenye makala yao ya 1968, jina la kwanza ni Reiji, la pili ni Tsuneko, kisha wanafuata Sakabe, Sugimoto na Sugino.

Reiji alikuwa mzaliwa wa Hiroshima, na bomu la 1945 lilimkuta akiwa kijana mdogo. Alifariki kwa saratani ya damu mwaka 1975, akiwa na umri wa miaka 44. Tsuneko akabaki na watoto wawili, maabara, na swali ambalo lilikuwa halijafungwa: kila kipande kinaanzaje, ikiwa kimeng'enya hakiwezi kuanza pasipo kitu cha kushikilia? Kundi lao lilishapendekeza mwaka 1972 kwamba kianzio ni kijipande cha RNA, ndugu wa karibu wa DNA, lakini ushahidi ulikuwa bado unabishaniwa. Tsuneko ndiye aliyeendelea kuchimba hadi muundo wa vianzio hivyo ukajulikana kwenye virusi vya T4 na T7: herufi nne au tano tu za RNA. Kwa hiyo mwanafunzi anapochora kipande cha Okazaki na kukiwekea RNA kichwani, anachora kazi iliyokamilishwa na mjane.

Mwaka 1983 akawa profesa hapo Nagoya. Baadaye akahamia kwenye sentromia, ile sehemu ya kromosomu inayoshikwa seli inapogawanyika, na miaka ya 1990 akawa katika kundi lililotengeneza kromosomu bandia ndani ya seli za binadamu. Hiyo ni mada nyingine kabisa, na Reiji hakuwahi kuigusa.

Huwa nasikia watu wakisema kwamba vipande vya Okazaki vilikosa Nobel kwa sababu mgunduzi alikufa mapema na zawadi hiyo haitolewi kwa marehemu. Kanuni hiyo ni ya kweli. Lakini mgunduzi yupi? Tsuneko alikuwa hai, yuko maabara, anachapisha. Anayetoa sababu hiyo ameshaamua, pengine bila kujua, kwamba mke alikuwa msaidizi tu. Japani yenyewe ilimpa Nishani ya Utamaduni mwaka 2021, akiwa na miaka 88, na miaka 53 baada ya makala ile kutoka.