Mahakama Kuu ikisema "harakisheni hiyo rufaa", nani anapona?

Shemeji yangu alifukuzwa kazi akakata rufaa mamlaka ya juu, mwaka wa kwanza ukapita, wa pili ukapita, jibu hakuna. Siku moja nikamsindikiza kufuatilia. Dada wa masjala akafungua daftari la kupokelea barua, akashuka na kidole mpaka akalikuta jina, akasema "ipo, iko ndani, utapigiwa". Nakala ya shemeji yenye muhuri alikuwa nayo kwenye mfuko wa nailoni, imeshaanza kuchanika kwenye mikunjo. Ukikataliwa angalau unajua moja unasonga mbele, ila ukinyamaziwa huna hata uamuzi wa kuupinga.

Ndo hapo inapoingia Mahakama Kuu na amri ya mandamus. Wengi wanadhani jaji atamrudisha mtu kazini, hapana, jaji anaiambia mamlaka timiza wajibu wako, toa uamuzi, mtu ashinde au ashindwe hilo ni lenu. Kwetu Tanzania ibara ya 107A(2)(b) ya Katiba inakataza kuchelewesha haki bila sababu ya kimsingi, ila inaongelea mahakama. Wenzetu Kenya, ibara ya 47 ya Katiba yao ya 2010 inazibana mpaka ofisi za utawala, mwananchi ana haki ya kuhudumiwa upesi na kwa haki.

Sasa wanaopinga amri za namna hii wana hoja na mi siidharau. Amri ya jaji haiongezi hata afisa mmoja, walio mezani ni walewale na mafaili ni yaleyale, kwahiyo faili la aliyeenda mahakamani linapandishwa juu na la yule mama aliyefungua mapema kuliko yeye linashuka chini, na anayefika mahakamani ni mwenye hela ya wakili, maana kwetu unaomba kwanza kibali cha mahakama halafu ndo maombi yenyewe, safari mbili hizo. Kingine kinachoniogopesha zaidi ni uamuzi wa kulipua, mamlaka ikipewa siku 30 inaandika mistari miwili kwamba rufaa haina mashiko, basi, vielelezo havijaguswa, na mtu anaanza upya mahakamani kupinga huo uamuzi.

Pamoja na hayo mi bado nasimama upande wa amri, kwa sababu foleni isiyo na mwisho sio foleni, na ofisi isiyoulizwa na mtu haina sababu ya kuhangaika. Ila amri ya "harakisheni" tupu bila tarehe haisaidii kitu, itaje siku, na idai uamuzi wenye sababu zilizoandikwa.

Dawa yenyewe nadhani iko kwenye sheria. Angalia kodi Kenya, ukiweka pingamizi halali Kamishna ana siku 60, zikipita hajaamua pingamizi linahesabika limekubaliwa. Hapo anayeumia kwa uzembe ni ofisi, mlipa kodi hahitaji wakili wa kwenda kuomba amri. Najua huwezi kulichukua hilo zima zima ukalipeleka kwenye rufaa za nidhamu kazini, maana mwizi wa dawa za hospitali atarudi kazini kisa faili lilisahaulika kabatini, lakini hata mshahara kuanza kulipwa tena baada ya muda fulani mpaka uamuzi utoke, hilo linawezekana. Shemeji mahakamani hakwenda, alipiga hesabu ya wakili na nauli akaona ni ada ya watoto.