Asilimia 69 inasomwa vibaya

Mjadala wa kupanga kazi katika mifumo ya wakati halisi, yaani ile ambayo kazi ikichelewa ni kosa, ukianza tu, namba moja huwahi kufika kuliko nyingine zote: asilimia 69. Huletwa na wale wanaopendelea kipaumbele kinachobadilika, yaani kazi ambayo muda wake wa mwisho umekaribia zaidi ndiyo ishike prosesa kwanza. Hoja yao ni kwamba kipaumbele kisichobadilika, ambacho kila kazi hupewa mara moja tu, kinapoteza karibu theluthi moja ya prosesa, ilhali njia yao inaitumia hadi asilimia 100. Kuna ukweli ndani ya hoja hiyo. Lakini naona inawafanya wahandisi wengi waiache njia nzuri kwa sababu isiyo yake.

Namba hiyo inatoka kwa watafiti Liu na Layland, mwaka 1973. Walichukua kazi zinazojirudia, zisizotegemeana, ambazo kila moja inatakiwa iishe kabla mzunguko wake mwingine haujaanza. Wakazipa vipaumbele kwa urefu wa mzunguko: mfupi juu, mrefu chini. Wakathibitisha kwamba zote zitawahi ikiwa jumla ya matumizi ya prosesa haivuki kiwango fulani. Kwa kazi mbili kiwango hicho ni asilimia 82.8, na kadiri kazi zinavyoongezeka kinashuka kuelekea 69.3. Ukiwa chini ya hapo, una uhakika bila kupiga hesabu nyingine. Ukiwa juu ya hapo, hakuna aliyethibitisha kwamba utashindwa. Unachodaiwa ni hesabu ya kina zaidi, basi.

Tuipige. Kazi ya kwanza inahitaji milisekunde 4 kila baada ya 10. Ya pili inahitaji 7 kila baada ya 14. Jumla ni asilimia 90, yaani 40 na 50. Zikianza pamoja, ya kwanza inashika prosesa hadi 4, ya pili inaendelea hadi 10 ikiwa imefanya 6, kisha ya kwanza inarudi na kuinyang'anya prosesa hadi 14. Ya pili imebakiwa na milisekunde moja na muda wake umekwisha. Imeshindwa, na hapa kipaumbele kinachobadilika kingeiokoa. Sasa refusha mzunguko wa ile ya pili kutoka 14 hadi 15, bila kugusa kitu kingine. Inamaliza kwenye 15 kamili. Matumizi yameshuka hadi asilimia 86.7 tu, bado juu ya kile kiwango cha 82.8, na kila kazi imewahi. Milisekunde moja katika uchaguzi wa mzunguko ndiyo iliyotenganisha kufaulu na kushindwa.

Na ukiwa huru kuchagua mizunguko inayogawanyika sawasawa, mambo ni mazuri zaidi. Chukua kazi tatu za milisekunde 4, 6 na 12, zenye mizunguko ya 10, 20 na 40. Jumla ni asilimia 100 kamili, na zote zinawahi kwa vipaumbele visivyobadilika. Hata mizunguko ikiokotwa kiholela, uchunguzi wa Lehoczky, Sha na Ding wa mwaka 1989 ulionyesha kwamba kwa wastani mfumo hauvunjiki mpaka karibu asilimia 88. Pengo halisi kati ya kambi hizi mbili, basi, mara nyingi ni asilimia 12 na si 31. Katika vifaa vingi hiyo ni akiba ambayo mhandisi mwangalifu angeiacha hata hivyo, kwa kuwa muda mrefu kabisa ambao kazi inaweza kuchukua ni makadirio.

Upande wa pili nao una haki yake. Kipaumbele kinachobadilika hakikulazimishi kurekebisha mizunguko, na mzigo ukiwa mkubwa kwa kawaida kazi hukatizana mara chache zaidi. Aidha, dai kwamba kipaumbele kisichobadilika hulinda kazi muhimu pale mzigo unapozidi halisimami lilivyo. Kinacholindwa ni kazi za juu, na ukipanga kwa mzunguko, kazi ya juu ni yenye haraka. Huenda haina umuhimu wowote mkubwa. Hata hivyo, mimi nathamini kujua mapema ni nani ataumia. Katika ile njia nyingine, kazi moja ikizidisha muda wake inaweza kuzichelewesha nyingine moja baada ya nyingine, na ni vigumu kutabiri ni zipi.

Hoja inayopewa nafasi ndogo mno ni ya vikatizo, zile ishara za vifaa zinazoisimamisha prosesa papo hapo. Kwenye maikrokontrola, zile kompyuta ndogo za ndani ya vifaa, vikatizo vina vipaumbele vyao kwenye maunzi yenyewe, juu ya kazi zote, na havijui chochote kuhusu muda wa mwisho wa kazi yoyote. Msimbo wa kikatizo ukichakata pakiti nzima kwa milisekunde 7 mfululizo, hata iwe mara moja tu kwa sekunde, umeongeza asilimia 0.7 ya matumizi. Lakini ile kazi yetu inayohitaji 4 ndani ya 10 imeshakosa muda wake, kwa kuwa 7 na 4 ni 11. Njia zote mbili zinaumia hapo, na ile asilimia 100 inayosifiwa haikioni kikatizo hicho wala haikuonyi. Kwenye hesabu ya vipaumbele visivyobadilika, kikatizo ni mstari mmoja zaidi juu ya jedwali la kazi, na ucheleweshaji unaonekana mara moja. Dawa ni kuufanya msimbo wa kikatizo usome data, uamshe kazi husika, kisha utoke. Angalia pia mwelekeo wa namba: kwenye Cortex-M, familia ya prosesa za maikrokontrola, namba ndogo ya kipaumbele cha kikatizo ndiyo yenye haraka zaidi, wakati kwa kazi za FreeRTOS, mfumo endeshi wa wakati halisi, ni kinyume chake.

Kuna wanaokitaja chombo cha anga cha Mars Pathfinder kama ushahidi dhidi ya kipaumbele kisichobadilika, ambacho mwaka 1997 kompyuta yake ilikuwa ikijiwasha upya kwa sababu kazi ya juu ilisubiri kufuli (kinga inayoruhusu kazi moja tu kutumia kitu cha pamoja) lililoshikwa na kazi ya chini, huku za kati zikipita. Suluhisho lilikuwa kuwasha urithi wa kipaumbele kwenye lile kufuli, yaani aliyelishika huazimwa kipaumbele cha anayelisubiri, na kipanga ratiba kikabaki kilekile. Kufuli likishikwa ovyo huchelewesha kazi za haraka hata katika njia ile nyingine.

Mzigo ukivuka asilimia 90, mizunguko ikiwa haigusiki, na kerneli (kiini cha mfumo endeshi) ikiwa na uwezo huo kama Linux tangu toleo la 3.14 la mwaka 2014, ningechagua kipaumbele kinachobadilika bila kusita. Kwa maikrokontrola yenye kazi saba au nane, kwanza ningepiga hesabu ya muda wa kuitikia wa kila kazi, yaani tangu iitwe hadi imalize katika hali mbaya kabisa, vikatizo vikiwemo. Mara nyingi inatosha kuona ni kazi ipi inayochelewa na kwa milisekunde ngapi.