Siku niliyogeuka bendera Mto Tana

Mimi ni Mpokomo, watu wa Mto Tana, lakini wa Kisauni, Mombasa, yaani Kipokomo nakijua cha kusalimia na kuomba chai basi, na mto niliozoea ni bomba likipasuka barabarani. Disemba tukapanda Hola, vijana watatu wa mjini, tukamuomba mjomba atuteremshe kwa mtumbwi mpaka Wenje tuone miembe na mashamba ya wazee kule mtoni. Mjomba akaniangalia raba zangu nyeupe mpyaaa, akasema, "We mwipwa wangu, waenda mtoni ama harusini?"

Sasa ule mtumbwi ni gogo moja limechongwa, na pale maji mafupi hupigi kafi, unasukuma na upondo, ule mti mrefu, unaukita chini unasukuma alafu unauchomoa. Kwenye kuuchomoa ndio kesi yangu iko. Mjomba alinambia mara tatu, "Ukiganda uwachilie, tutaurudia." Lakini mimi nishajisifu damu ya mto ninayo, nikausokomeza kwa nguvu zote, tope likaudaka, mtumbwi ukaenda zake mimi nikabaki na mti.

Nimeukumbatia kama kima, miguu nimekunja mpaka kifuani maana Tana ina mamba na maji yale ya kahawia huoni hata kidole chako. Na jana yake usiku nyanya alikuwa ametufundisha ule wimbo wa Kipokomo wa kubembeleza mtoto, ule ambao sauti yake ndio ilichukuliwa 1963 ikawa wimbo wa taifa wa Kenya. Si dadangu akauanzisha kule mtumbwini! Mama mmoja alokuwa anafua ukingoni akaacha nguo, akasimama wima, mkono kifuani, serious kabisa, na mimi juu ya mlingoti natetemeka.

Upondo ukaanza kuinama polepole, bendera ikashushwa kwa heshima zote. Nikapiga shahada, nikazama, nikasimama… maji kiunoni. Kiatu kimoja kikaendelea na safari, saa hii nadhani kishatoka Kipini kiko baharini.

Mjomba akarudi, akauchomoa upondo kwanza, akauosha tope, akaulaza vizuri, ndio akaniuliza kama nimeumia.

Kufika Wenje na kiatu kimoja, sijui habari ilipita wapi, bibi mmoja hata simjui ananipokea mlangoni, "Karibu Bendera, chai tayari."