Kijana akiwa na mawazo, benchi na bibi vinatosha kuanzia

"Ana mawazo." Ndivyo tunavyosema mtu akianza kukosa usingizi, chakula kikimshinda, simu za marafiki akiziacha ziite hadi zikatike. Washona wa Zimbabwe nao wana neno lao, kufungisisa, yaani kuwaza kupita kiasi. Na huko kwao ndiko ilikoanzia tiba ambayo natamani kila kijana aipate: benchi la mbao nje kwenye uwanja wa zahanati, na bibi ameketi anamsubiri.

Aliyeianzisha, mwaka 2006 huko Mbare, Harare, ni daktari wa magonjwa ya akili, Dixon Chibanda, pamoja na bibi 14. Kilichomsukuma kinauma. Binti aliyekuwa akimtibu alijiua, na mama yake akaeleza kwamba walikosa nauli ya basi ya kumfikisha hospitalini. Nauli tu! Mwanzoni daktari alitaka kuliita benchi la afya ya akili. Bibi wakamkatalia, kwamba kwa jina hilo hakuna atakayekaa. Likawa Benchi la Urafiki.

Bibi wale walijua walisemalo. Kijana haogopi macho ya watu kama anavyoogopa mlango ulioandikwa ugonjwa wake. Akikaa benchini, mpita njia anaona nini? Mjukuu na bibi yake, basi. Tena wamekaa ubavu kwa ubavu, bila meza katikati, na machozi yakimtoka halazimiki kumtazama mtu usoni.

Wanaosema haya ni maongezi ya kawaida wanakosea. Bibi hawa wamefundishwa. Wana maswali 14 ya kupima hali ya mtu, na aliyezidiwa hupelekwa kwa wataalamu. Utafiti wa watu 573, uliochapishwa katika jarida la JAMA mwaka 2016, ulionyesha kuwa baada ya miezi sita waliopita benchini walikuwa na nafuu kubwa kuliko wenzao waliopata huduma ya kawaida iliyoboreshwa.

Ila kinachonigusa zaidi ni hatua ya kwanza, kuvhura pfungwa, kufungua akili. Kijana anakuja hana kazi, anadaiwa kodi, mpenzi kamwacha, na yote yamesokotana kama uzi uliochezewa na paka. Bibi hamwambii avumilie. Anamsikiliza mpaka amalize, kisha anamuuliza: katika haya yote mwanangu, tuanze na lipi?