Boza la Maji Limenifuata Hadi Iqaluit

Jamani, kila nikipiga simu Tanga kutoka huku kaskazini mwa Kanada swali ni lile lile. Shemeji anaanza na salamu, anaulizia kazi, halafu anashusha sauti kama anayeuliza habari za ugonjwa wa aibu: "Shem, sasa hiyo nyumba ya barafu mnapikia wapi? Haiyeyuki?"

Nyumba ya barafu ningeipata wapi mimi! Ningeipata ningehamia leo leo. Ile haina mwenye nyumba wala kodi. Wazee wa Kiinuiti, wenyeji wa asili wa huku, walioijua kazi walikuwa wanashika kisu, wanakata theluji iliyoshikana vizuri, na jioni watu wamelala. Na hata wao hawakukaa humo mwaka mzima. Kiangazi walikuwa kwenye mahema ya ngozi, wanamfuata samaki na kulungu alipo. Mimi nimepanga chumba kwenye nyumba ya mbao iliyoinuliwa juu ya nguzo za chuma, kwa sababu ardhi ya huku chini imeganda mwaka mzima, ukiikalia kwa joto inalegea na nyumba inapinda. Kodi siitaji. Nikiitaja, shemeji atadhani nina hela.

Lakini kinachoniuma ni maji. Dar nilihangaika na boza miaka na miaka. Boza halijaja, boza limekuja halina maji, boza lina maji halina dizeli. Nikasema nitoke, niende Kanada, nchi ya watu waliokamilika. Nimefika Iqaluit, makao makuu ya jimbo la Nunavut, naangalia dirishani: boza! Mitaa mingine ina mabomba, sisi wengine tunaletewa maji kwa gari, na gari lingine linakuja kunyonya majitaka. Na hapo kuna fitina ambayo hata Dar hawajaigundua: tangi la majitaka likijaa, pampu ya maji safi inajizima yenyewe. Yaani una maji tele ndani ya nyumba, unayasikia, na huruhusiwi kuyagusa. Mwenye nyumba nikimpigia ananijibu, "Punguza kuoga." Nje nyuzi joto thelathini chini ya sifuri, mimi mtu wa Tanga, huko kuoga kwenyewe ninakopunguza nimekuanza lini?

Wenyeji wananiambia ninyamaze, hiyo ni afadhali. Oktoba 2021 maji ya bomba yalinuka mafuta mji mzima, serikali ikawa inaleta ya chupa kwa ndege, na wazee wakachukua ndoo zao wakaenda mtoni, kama zamani, bila kuitisha kikao.

Riziki yangu ni teksi. Huku teksi ni daladala iliyovaa vizuri: nauli moja kwa kila kichwa, uende karibu uende mbali, na njiani napakia mwingine. Mbali kwenyewe hakuna, maana hakuna barabara inayotoka mjini kwenda mji mwingine wowote. Gari langu lilikuja kwa meli kiangazi, na likifa litazikwa hapa hapa. Kuna barabara moja inaitwa Road to Nowhere, yaani Barabara Isiyokwenda Popote, nami nikadhani ni utani. Si utani.

Abiria hakwambii mtaa, anakwambia namba ya nyumba. Halafu ukimuuliza, "Ni ile ya juu kilimani?" kimya. Unarudia, kimya. Kumbe kakujibu zamani: huku ndiyo ni kuinua nyusi, hapana ni kukunja pua. Sasa mimi naendesha kwenye barafu tupu, macho nimeyakaza mbele, yeye kakaa nyuma gizani saa tisa alasiri, ananiinulia nyusi!

Nilipomlalamikia bibi jirani yangu habari za hizi namba, alicheka mpaka akakohoa. Akanifungulia kibati, akatoa kidude cha duara, kidogo kama sarafu, kina tundu la uzi. Namba yake. Kuanzia miaka ya 1940 serikali iliwagawia Wainuiti vidude hivyo kwa sababu makarani walishindwa na majina yao, mtu ana jina moja tu, la ukoo hana. Mwenye E ni wa mashariki, mwenye W wa magharibi. Mpaka mwaka 1968 ndipo Abraham Okpik, Mwinuiti mwenzao, alipotumwa kuzunguka kambi kwa kambi kuandikisha majina ya ukoo. "Wewe unaijua nyumba kwa namba," bibi akaniambia, "mimi mwalimu alikuwa ananiita kwa namba." Nikakosa la kusema, nikaomba chai.

Bibi alizaliwa kambini, familia chache pwani, mbwa, na sili, yule mnyama wa baharini wanayemwinda. Mji huu ulianza na uwanja wa ndege wa kijeshi wa Wamarekani, mwaka 1942. Baadaye serikali ikawaambia watu waje: kuna shule, kuna zahanati, kuna nyumba. Ambaye watoto wake hawaendi shule, posho yao ya serikali ikawa na mashaka, basi wakaja. Nyumba zenyewe zilikuwa chumba kimoja cha mbao, zikabatizwa viberiti. Mbwa wa kuvuta sleji, lile gari la theluji lisilo na magurudumu, polisi waliwapiga risasi kwa mamia, eti wanazurura. Serikali ilikuja kuomba radhi mwaka 2019. Bibi anasema radhi aliisikia, mbwa hakuwaona.

Sasa waliohimizwa waje kwa sababu kuna nyumba wanapanga foleni ya nyumba. Mwanawe mkubwa analala sebuleni na mke na watoto, anasubiri zamu yake. Pikipiki yake ya theluji anaiwasha alfajiri chini ya dirisha langu, inakunywa petroli ya bei ya marashi, ikizimika barafuni haijui njia ya kurudi. Mbwa walikuwa wanaijua. Lakini akipata sili, nyama inagawiwa mpaka mlangoni kwangu, na hapo kelele zote nasamehe hadi kesho yake alfajiri.

Juzi tangi la majitaka likajaa tena. Nikabeba taulo na ndoo, nikaenda kwa bibi. Nimewakuta wamekaa sakafuni, boksi limefunuliwa, samaki mbichi kaganda, bibi anamkata vipande kwa kile kisu chao chenye umbo la nusu mwezi.

"Bibi, naomba nioge kwako."

"Muulize baba."

Baba ni mjukuu wake, ana miaka minne. Amerithi jina la marehemu baba yake bibi, kwa hiyo bibi anamwita baba na neno lake linasikilizwa. Hilo halikunisumbua, hata kwetu aliyerithi jina la babu anadekezwa. Nikachuchumaa kwa adabu, mtu mzima na taulo begani.

"Shikamoo baba. Naomba maji ya kuoga, ndoo moja tu."

Baba akatafuna samaki wake taratibu. Akaitazama ndoo, akanitazama mimi, akawahesabu kwa macho watu wote wa nyumba ile wanaotegemea tangi moja. Akakunja pua.