London iliyofichwa: mi namwamini zaidi aliyekaa akasikiliza kuliko aliyepita akachora

Ukitafuta mtandaoni picha za London ya walalahoi enzi za Malkia Victoria, dakika haiishi ushaletewa Gustave Doré, na wala sishangai, manake yule Mfaransa alikuwa na mkono wa ajabu. Kitabu alichofanya na mwandishi Blanchard Jerrold, kilichotoka 1872, kina michoro 180, na kuna mmoja ambao hata kama kitabu hukijui utakuwa umeshauona mahali: reli inapita juu kwenye matao ya matofali, chini yake safu za nyumba zilizobanana, kila nyumba na kiuani chake cha nyuma, nguo zimeanikwa, watu wamejazana humo na moshi umetanda. Ukiuangalia unasikia kabisa kwamba hewa haitoshi.

Lakini nina neno na Doré, na nalisema huku nampenda. Chagua mtu mmoja kwenye ule mchoro, yeyote, halafu ujiulize anafanya kazi gani, analipa kodi kwa nani, jana alikula nini. Hupati kitu. Wote ni umati. Na ukijua kazi ilivyofanyika unaelewa kwa nini, manake mitaa kama Whitechapel yeye na Jerrold waliingia usiku wakisindikizwa na polisi, na Doré mwenyewe hakupenda kukaa na daftari mbele za watu, alikuwa anaangalia, anaweka vidokezo viwili vitatu, halafu anaenda kuchora kwa kumbukumbu. Sasa fikiria umelala na wanao, askari anafungua mlango na taa mkononi, nyuma yake wageni wawili waliovaa vizuri wanakuchungulia, kweli hapo ndo utawaonesha maisha yako? Utawaonesha uso wa mtu aliyeamshwa na polisi, na nyuso nyingi mle kitabuni ndivyo zilivyo.

Kuna sehemu moja ambapo hilo halimdhuru hata kidogo, nayo ni gereza la Newgate, wafungwa wanazunguka duara kwenye uwanja mdogo uliozungukwa na kuta ndefu. Pale kutokuwa na jina ndo adhabu yenyewe. Mchoraji Van Gogh aliuchukua mchoro huo 1890, akiwa kwenye hospitali ya wagonjwa wa akili kule Saint-Rémy, Ufaransa, akaurudia kwa rangi, na mi naona alielewa vizuri sana alichokuwa anakitazama.

Sasa nenda kwa Henry Mayhew. Huyu alikuwa mwandishi wa habari, alianza na makala kwenye gazeti la Morning Chronicle 1849, kitabu kikaanza kutoka 1851 na kufikia 1862 kilikuwa kimefika juzuu nne nene kuhusu watu wa mitaani London. Michoro yake haina utamu wa Doré, ni ya kuchonga kwenye ubao, mingi imetokana na picha zilizopigwa na Richard Beard kwa daguerreotype, mtambo wa picha wa zamani, mtu kasimama tu na kapu lake kakutazama. Lakini pembeni ya huyo mtu kuna maneno yake mwenyewe kurasa na kurasa, na hapo ndo mambo yanabadilika kabisa, unamwangalia mtu huku unamsikia.

Msichana muuza watercress, kwa mfano, zile mboga za majani zinazoota kwenye maji. Ana miaka minane. Kabla hakujapambazuka yuko soko la Farringdon ananunua, baridi inamuuma mikono, halafu anafunga vifungu vidogo vidogo anazunguka navyo mtaani akipiga kelele. Mayhew alimwendea kama mtu mzima anavyomwendea mtoto, akaanza kumuuliza habari za michezo na midoli, na yule mtoto akamshangaa, halafu akaanza kumpigia mahesabu ya biashara, kwamba fungu linauzwa vipi na senti zake anazipeleka wapi, na akamwambia wazi kwamba yeye si mtoto. Mi sijawahi kuona mchoro wowote wa Doré ukanishika kama maneno ya huyu binti.

Halafu kuna wale wa mitaro ya majitaka, waliokuwa wanashuka chini ya mji kutafuta chuma chakavu, kamba, sarafu, kijiko cha fedha kikibahatika. Wanaingia watatu au wanne kwa pamoja kwa sababu ya panya na kwa sababu ya kupotea, taa imefungwa kifuani, mkononi mti mrefu wenye jembe mwishoni, na huo mti una kazi zaidi ya moja, unapapasia tope, na ukianza kuzama unaunasa mahali ujivute. Kitu kama hicho huwezi kukibuni mezani, mpaka mwenye mti akwambie.

Na wapo wazee, wanaume kwa wanawake, waliookota kinyesi cha mbwa barabarani na kukipeleka kwa ndoo kwenye viwanda vya ngozi vya Bermondsey, ambako kilitumika kulainisha ngozi, zikiwemo ngozi za glavu na za majalada ya vitabu. Yaani bibi anayevaa glavu laini akiwa kwenye gari la farasi anamkwepa yuleyule mzee aliyemtengenezea ule ulaini! Ukishajua hilo mji mzima unauona kwa macho mengine, hao waliofichwa hawakuwa pembeni ya London, walikuwa ndani ya mikono yake.

Sisemi mchoro peke yake hauwezi kusema. Mchoraji Mwingereza William Hogarth aliweza, karne moja kabla yao. Ile chapa yake ya 1751 kuhusu mtaa wa walevi wa jini, ile pombe kali ya gin, kule St Giles, kila mtu anamkumbuka yule mama anayeachia mtoto anaanguka kwenye ngazi, mi jicho langu huwa linaenda kushoto, mlangoni kwa mkopeshaji wa rehani, fundi seremala anakabidhi msumeno wake na mama mwingine masufuria yake. Basi. Msumeno ukishaenda, kesho hakuna kazi, masufuria yakishaenda hakuna cha kupikia, na duka la rehani ndo limenawiri. Hogarth alijua kila kitu mle kinauzwa na nani na kwa nini, ndo maana mchoro wake hauhitaji maelezo.

Kuna wanaosema Mayhew naye si wa kuaminiwa, na sehemu ya maneno yao ni kweli. Maswali yake mara nyingi ameyafuta, hivyo majibu yanasomeka kama hotuba moja ndefu ambayo hakuna binadamu aliyeitoa hivyo, na anafungua kitabu kwa kuwagawa wanadamu makundi mawili, wanaotangatanga na waliotulia, na sifa anazowapa hao wa kwanza zinaudhi mpaka leo. Zile kurasa mi zinanikera. Ila wale watu wakianza kuongea ile nadharia yake haiwawezi, yule binti wa miaka minane na mahesabu yake haingii kwenye kundi lolote alilochorewa.

Kinachonisumbua zaidi ni waliokosa hata huyo Mayhew. Wafanyakazi wa ndani walikuwa wengi mno London ile, na wao walifichwa ndani ya nyumba za watu hasa, jikoni chini ya ardhi, askari wa doria hawezi kukupeleka huko na mwandishi wa mtaani hapiti. Tunachokijua vizuri kinatoka kwa mwenyewe, Hannah Cullwick, aliyeanza utumishi akiwa mtoto na akaandika shajara kwa miaka karibu ishirini kuanzia 1854. Aliziandika kwa sababu Arthur Munby alimwomba, bwana wa tabaka la juu kuliko lake waliyekuja kuoana kwa siri 1873, na Munby akaziacha kwenye sanduku Trinity College, chuo kimoja cha Cambridge, na sharti lisifunguliwe mpaka 1950. Ndani yake ni kazi mtindo mmoja: kafungua madirisha, kawasha moto, kasugua ngazi kapiga magoti, kamwaga vyungu vya usiku, kasafisha viatu jozi kadhaa, na jozi anazihesabu!

Natamani mchoraji mmoja wa sasa azichukue zile shajara achore siku moja tu ya Hannah tangu alfajiri, moto, magoti, ndoo, viatu vyote kwa idadi aliyoiandika, na maneno ya chini yawe ya Hannah vilevile, mtu asiyaguse.